Vitufe vya Mashine ya Nne

Mama mmoja, fundi cherehani, aliusikia uvumi saluni, kichwa kikiwa nusu kimesukwa: eti watoto wa kafe ya intaneti hubadilisha vitufe vya kibodi ili wanase namba za siri za watu. Msusi aliapa. Mama akarudi kwenye nguo zake za kushona, lakini neno lile likamganda. Juzi tu si bintiye alimwambia akicheka, "Mama, vitufe vya mashine ya nne kule kafe nimevipanga upya vyote"?

Hakumuuliza. Jumamosi asubuhi alitinga kafe, tepu ya kupimia ingali shingoni.

"Futa kila alichoweka mwanangu."

"Mama, ni gemu tu ile, ya kupanga majeshi," mwenye kafe alisema. "Na leo saa nane ana mashindano; mshindi atasomeshwa kompyuta bure chuoni. Ngoja aje mwenyewe."

"Unamfundisha wizi, halafu ningoje? Futa, au naita polisi!"

Wateja wakageuka. Mwenye kafe akabofya mara tatu, basi, mpangilio wote wa binti ukafutika.

Saa nane mama alisimama nyuma ya kiti cha bintiye, eti anamlinda. Hapo ndipo alipoona. Mkono wa kulia ulishika mausi. Wa kushoto ni ule uliounguzwa na pasi yake mama, binti akiwa na miaka mitatu. Vidole viwili havikunjiki. Amri zote za mchezo binti alikuwa amezisogeza chini ya vile vitatu vizima. Miezi miwili ya kujaribu na kurekebisha. Sasa akibonyeza kuita wapanda farasi, linajengwa ghala. Na mchezo ukishaanza hausimami.

"Kamanda, umelala?" mpinzani wake alimtania kutoka mashine ya tisa. "Mlango wa mji wako uko wazi, naingia na viatu!"

Dakika kumi na moja, akatolewa. Nafasi moja ya kusomea kompyuta bure chuoni ikaenda mashine ya tisa.

"Nani kagusa mashine yangu?"

Binti alimgeukia mwenye kafe.

"Mimi," mama akasema.

Binti hakulia. Alikificha kiganja chake mfukoni. "Si ungeniuliza tu, mama."

Mzazi mwenzangu, epuka haya:

Usiamini uvumi kabla ya kumuuliza mwanao.
Usifute usichokielewa.
Usimtishie mtu polisi kwa hasira.
Usimwaibishe mwenye kazi mbele ya wateja wake.
Usichelewe kuomba radhi. Mama huyu alikaa siku nne.