Hile ya Upande wa Kuume

Vagheni aliuza maharagi ya mbegu katika soko moja la Butembo kwa miaka kumi na sita, na kwa kumi na mmoja kati ya hiyo meza yake ilipakana na meza ya Sikuli. Sikuli alikaa upande wa kuume, akiuza viazi kutoka Lubero. Wote wawili walikuwa wajane. Vagheni alikuwa Mkatoliki, Sikuli alisali kwa Waprotestanti, na Jumapili ndiyo ilikuwa siku pekee ambayo hawakuonana. Kila asubuhi Sikuli alikuja na termosi ya chai ya tangawizi na kikombe kimoja cha bati. Alikunywa yeye kwanza, kisha akajaza tena na kumpa jirani yake.

Kikohozi cha Vagheni kilianza mwezi wa tisa, mvua ziliposhika. Alisema ni vumbi la maharagi. Mwezi wa kumi na moja bado alikuwa akikohoa, na pagne yake ya kitenge aliyozoea kuifunga mara moja sasa ilimzunguka mara moja na nusu. Wiki hiyo alipeleka magunia Beni, akalala kwa dada yake mkubwa, Virginie, katika commune ya Ruwenzori, upande mmoja wa mji ule. Virginie alimsikiliza akikohoa tangu chakula cha jioni hadi asubuhi, na kulipokucha hakumwuliza kitu. Alimshika mkono, akamfikisha hospitali.

Walimpiga picha ya kifua, ile watu wanaita radio. Mwenye mashine akaandika mistari miwili chini ya karatasi, akaitia pamoja na picha ndani ya bahasha kubwa ya kaki.

"Docta atakusomea Siku ya Kwanza," alimwambia. "Usikose, mama."

Lakini lori la kurudi Butembo lilikuwa linaondoka Siku ya Posho, ndiyo Jumamosi, siku mbili kabla ya hiyo Jumatatu ya docta, na kwenye barabara ile mtu hachagui siku yake: magari yakiondoka pamoja kwa kuogopa washambuliaji, unaondoka nayo. Vagheni akaona kwamba docta wa Butembo naye ana macho. Akapanda lori na bahasha yake mapajani.

Alipofika nyumbani hakwenda kwa docta. Alimwita shemeji yake, Mathe, mdogo wa marehemu mume wake. Mathe alikuwa amesoma miaka miwili ya sekondari kabla karo haijamshinda, na tangu hapo yeye ndiye aliyeusomea ukoo mzima barua, vyeti na matangazo. Alivaa miwani, akasogea dirishani.

"*Hile droit chargé, élargi*," alisoma. Akasoma tena. "Hii neno ya kwanza, mimi sijaionaka kwa Kifaransa."

"Zingine?"

"*Droit* ni kuume. *Chargé* ni kupakiza, kama vile banapakiza lori. *Élargi* ni kupanuka." Alitoa kamusi yake ndogo iliyopoteza jalada, akatafuta kwenye H, akakosa. Akarudisha kidole juu ya neno. Kisha akalisoma vile lilivyoandikwa, herufi kwa herufi, kama mtu anavyosoma Kiswahili. "Hi-le. Shemeji, hii si Kifaransa. Hii ni hila, kuna mutu anakufanyia ubaya. Huyu mutu wa mashine ni mutoto wa huku. Ameona kintu mbaya na ameogopa kukuambia mbele ya batu. Amekuandikia."

"Hila ya nani?"

"Ya kuume. Imepakizwa mpaka imepanuka."

Vagheni alijua fika kwamba hakuwa na adui upande wa kuume wa nyumba yake. Kulikuwa na ukuta wa shule. Kanisani alikaa mwisho wa kuume wa benchi. Ilibaki mahali pamoja tu, sokoni. Miaka kumi na mmoja alikuwa akipokea kikombe kutoka mkono ule.

"Mathe, usisemee mutu," alisema.

"Miye naweza kusemea nani?" Mathe alijibu, na kweli hakumwambia mtu. Vagheni mwenyewe ndiye aliyesema.

Alijizuia siku mbili. Siku ya tatu, Sikuli alipomnyoshea kikombe, hakukipokea.

"Mama Bénite, chai itapoa," Sikuli alisema. Bénite alikuwa binti wa Vagheni, aliyeolewa Kirumba.

"Ikunywe weye."

"Juu ya nini? Uko mugonjwa zaidi?"

"Niko mugonjwa, na sasa najua inatoka wapi. Docta wa Beni ameandika. Hila inatoka upande wa kuume." Sauti yake ilipanda bila yeye kutaka, na wanunuzi wawili wakageuka. "Miaka yote hii unaninywesha nini, Sikuli? Nilikukosea nini?"

Sikuli alirudisha mkono. Aliangalia kikombe mkononi mwake. Kisha akakinywa chote, pale pale, chai ikiwa moto bado, macho yakimtoka machozi kwa kuungua. Akafunga termosi. Mchana alilipa wabebaji wawili, wakahamisha meza yake na magunia yake hadi mwisho wa pili wa soko, karibu na wauza mafuta ya mawese. Mahali pake alikuja kukaa mwanamke muuza sabuni, asiyezungumza na mtu.

Kikohozi hakikwisha. Vagheni alikunywa majani aliyoletewa na shangazi yake, akaombewa, akanunua sirapu ya rangi nyekundu. Aliendelea kukonda. Bahasha ya kaki aliitia katika mfuko wake wa safari na hakuitoa, kwa sababu alifikiri ameshajua yaliyomo.

Mwezi wa pili, chama cha wakulima wa mbegu kiliita wauzaji wote kwenye mafunzo ya siku mbili huko Kirumba. Vagheni alikwenda kwa sababu Bénite alikuwa huko na alitaka kumwona mjukuu wake mchanga. Mwalimu alikuwa agronome mmoja mwembamba, mtaalamu wa kilimo, Onésime, mwenye desturi ya kusema "donc", yaani basi, kabla ya kila jambo. Aliwagawia kila mtu maharagi matano na kioo kidogo cha kukuzia.

"Donc, geuzeni haragi. Pale linapojikunja, kuna kovu. Mumeliona? Sisi tunaliita jicho. Pale ndipo haragi lilikuwa limeshikana na ganda lake, kama mutoto na mama yake. Kovu likiwa limepasuka, maji inaingia vibaya na mbegu inaoza. Kwa vitabu inaitwa *hile*."

Alilitamka Kifaransa, il, bila H, na Vagheni hakushtuka. Alikuwa akihangaika na kioo chake. Lakini Onésime aligeuka, akaliandika ubaoni kwa chaki, herufi kubwa nne, na Vagheni alipoinua macho akaacha kioo kidondoke mezani.

Aliinua mkono. "Mwalimu, ile neno ubaoni. Ni ya maharagi?"

"Ya maharagi, mama. Hata njegere iko nayo. Hata kiazi: ukiweka unga ya kiazi chini ya microscope, kila punje iko na kadoa kake, nako kanaitwa vile vile." Onésime alifurahi kupata mtu anayeuliza. "Ni neno ya zamani, ya Kilatini. Père mumoja, padri aliyetufundisha, alisema kwa Baroma lilikuwa kintu kidogo sana, kasiko na maana. Walipotaka kusema hakuna kitu, walisema hata *hilum* moja hakuna."

Vagheni hakusikia sana habari za Waroma. Alisubiri wengine watoke kwenda kula, kisha akafungua mfuko, akatoa bahasha, akamwekea karatasi mbele yake.

Onésime alisoma. Uchangamfu wake ukaondoka. "Mama, hii haiko ya maharagi. Hii ni ya mapafu. Ni ya lini?"

"Ya mwezi wa kumi na moja."

"Na dawa gani walikupa?"

"Hakuna. Sikurudiaka."

Onésime hakumkaripia. Mke wake, Eliane, alikuwa muuguzi katika kituo cha afya mtaa wa pili, na Onésime akampeleka huko kwa miguu, wote wawili wakiwa na njaa. Eliane alimpa barakoa kwanza. Halafu akaishika picha dhidi ya mwanga wa dirisha, akamwonyesha kwa ncha ya kalamu.

"Hapa katikati, kila pafu liko na mulango wake. Mishipa ya damu inapita hapo, na njia ya hewa. Ule mulango ndio *hile*. Figo nayo iko nao. Na figo, mama, umeionaka? Iko sawa na haragi. Sasa kwako, mulango wa kushoto ni hivi, muzuri. Wa kuume angalia vile umejaa. Kuna tezi zimevimba."

"Haiko hila?"

"Hila gani?"

Vagheni alimweleza. Alieleza mambo ya Mathe, na kamusi, na kikombe, na meza iliyohamishwa. Alisema yote kwa sauti moja bila kupumzika, na alipomaliza alikohoa kwa muda mrefu. Eliane alirudisha picha ndani ya bahasha.

"Mutu wa mashine aliandika kile alichoona tu," alisema. "Hakuna mutu aliyekufanyia. Tutapima makohozi."

Walipima. Ilikuwa kifua kikuu. Eliane alimwandikia barua kwa kituo cha afya cha mtaa wake Butembo, ambako angekunywa dawa kwa miezi sita. Kisha akafungua daftari jingine. Alitaka majina ya watu wote waliokaa karibu naye tangu alipoanza kukohoa, waliolala nyumba moja naye, waliokaa naye kila siku.

Vagheni alimtaja Mathe na mke wake. Alimtaja Virginie wa Beni. Akaanza kufunga mfuko wake.

"Na yule wa kikombe?" Eliane aliuliza.

"Sikuli."

"Kikombe si shida. Shida ni hewa muliyovuta pamoja kila siku. Lazima apimwe. Naweza kumutuma mutu wa kituo amuambie."

Vagheni alifikiri. Ingekuwa rahisi kuliko yote: mgeni mwenye daftari angefika sokoni, angesema maneno yake, angeondoka. "Hapana," alisema. "Nitaenda mimi."

Alirudi Butembo, akaanza dawa, akangoja majuma ambayo muuguzi alimwambia angoje ili asiambukize mtu tena. Kila siku ya majuma yale alipanga maneno. Siku alipokwenda mwisho wa pili wa soko, barakoa usoni, alimkuta Sikuli ameinama juu ya gunia, akitenga viazi vilivyoanza kuota, na kabla hajamsalimu alimsikia akikohoa. Aliona pia mabega yake yalivyokuwa yamechongoka chini ya blauzi. Maneno yote aliyopanga yakampotea.

"Mama Sikuli, nilikosea," alisema. "Docta hakuandika hila. Ni neno ya Kifaransa, ya mapafu. Mathe hakuijua na mimi sikuuliza. Nilikutukana bure mbele ya batu."

Sikuli aliendelea kutenga viazi.

"Niko na kifua kikuu. Nakunywa dawa. Wamesema weye nawe upimwe, juu tulikaa pamoja."

Hapo Sikuli alisimama wima. "Kwanza ulisema mimi nilikuwekea sumu," alisema polepole. "Sasa unakuja kuniambia ya kwamba weye ndiye uliniwekea."

Vagheni aliangalia viazi vilivyotengwa. Alisema tu, "Inawezekana."

"Nenda, Vagheni. Nina banunuzi."

Alikwenda. Njiani alilia, na barakoa ikalowa hadi akashindwa kupumua vizuri, akalazimika kukaa kwenye ngazi za duka la vyuma mpaka alipotulia. Siku ya Jumapili alikwenda kwa padri akaungama. Padri alimwambia aende kwa aliyemkosea. Alijibu kwamba ameshakwenda. Basi subiri, padri akasema.

Mathe naye alipewa habari. Alivua miwani, akaifuta kwa shati, na tangu siku ile kila alipoletewa karatasi ya hospitali aliirudisha bila kuifungua.

Siku kumi baadaye, asubuhi, Vagheni alifika kituoni kuchukua dawa zake akamkuta Sikuli kwenye benchi la nje, na kadi mpya ya dawa mkononi, yenye rangi ile ile kama ya Vagheni. Hawakusalimiana. Muuguzi wa pale alimwambia Vagheni baadaye, alipomwuliza, kwamba hakuna mtu awezaye kujua nani alianza. Huenda Sikuli alimwambukiza yeye, huenda wote wawili walipata kwa mtu wa tatu. Vagheni alilipokea jambo hilo bila kufurahi.

Kituo kilitoa dawa kwa siku maalumu, kwa hiyo walikutana mara kwa mara. Sikuli alikaa mwisho mmoja wa benchi, Vagheni mwisho mwingine, na katikati walikaa watu wengine. Iliendelea hivyo mwezi mzima. Mwezi uliofuata, siku moja ya mvua, hakukuwa na mtu mwingine aliyekuja. Sikuli alitazama mlango wa muuguzi, kisha akatazama mvua.

"Vagheni."

"Karibu," Vagheni aliitika.

"Nataka kukuuliza kintu, na usicheke." Alishusha sauti. "Tangu nianze hizi dawa, mukojo wangu uko rangi ya machungwa. Naogopa kumuuliza muuguzi. Nafikiri figo zinaoza."

"Wangu pia," Vagheni alisema. "Tangu siku ya kwanza. Niliuliza. Ni rangi ya dawa tu."

"Kweli?"

"Kweli. Hata machozi. Siku nilitoka kwako nililia, barakoa ilibaki na madoa."

Sikuli alimtazama kuona kama anadanganya. Kisha akaanza kucheka, kidogo kidogo, mkono juu ya kifua kwa sababu kucheka bado kulimuumiza, na Vagheni akacheka naye, mpaka muuguzi akatoa kichwa mlangoni kuuliza nani anaingia wa kwanza.

Wote wawili walimaliza dawa, Vagheni mwezi wa nane, Sikuli mwezi mmoja baadaye. Meza ya Sikuli haikurudi. Kule karibu na wauza mawese alikuwa amepata wateja wazuri, akina mama wa mikahawa wanaonunua gunia zima kwa mara moja, na hakuona sababu ya kuwaacha. Ila saa sita, soko linapotulia, mmoja wao huvuka kwenda kwa mwenzake, na zamu ikiwa ya Vagheni, humwomba muuza sabuni amwangalizie vitu vyake.