Mito Kumi na Minane

Bibi alipanga wageni kwa maharagwe. Asubuhi ya sherehe ya kumpongeza mjukuu wake anayeolewa, alikaa na sinia mapajani, kila mgeni harage lake. Jeupe, mama wa bwana harusi, kushoto kwa bi harusi. Lenye madoa, jirani aliyeitwa Redio, karibu na mlango na mbali na mwenye siri yoyote. Kulia kwa bi harusi, penye heshima kuliko pote, aliweka jekundu: mama mzazi wa binti, aliyeachana na mwana wa Bibi miaka mingi iliyopita, na sasa alikuwa safarini kuja.

"Mgeni wa mbali hapewi kiti cha kando," alijiambia. Maharagwe kumi na manane, la bi harusi na lake mwenyewe yakiwemo; viti kumi na vinane.

Chumba cha pili cherehani ilikuwa bado inalia. Mkwewe, mke wa pili wa mwanawe, ambaye kila mtu alimwita Fundi, alikuwa anamalizia mito ya kukalia. Ndiye aliyemlea binti tangu ana miaka mitatu. Alitoka na uzi mdomoni.

"Mama, ulisema mito mingapi?"

"Kumi na minane, mwanangu."

Fundi akalitazama sinia, jicho likasimama kwenye lile jekundu. Akakata uzi kwa meno. "Basi imetosha," alisema.

Saa kumi jioni sebule ilijaa. Bibi alimkalisha kila mtu mahali pake.

"Yaani mimi kila sherehe mlangoni!" Redio akalalamika. "Mnanifukuza polepole?"

"Mlangoni ndiko habari zinakoingilia, mwanangu. Unataka zikupite?"

Watu wakacheka. Bibi akakaa kwenye kiti chake, mkabala na bi harusi, akashusha pumzi. Ndipo alipoona binti hafungui zawadi. Zawadi ya kwanza ilikuwa mapajani, utepe haujaguswa, na macho yake yako kwenye mlango wa jikoni. Fundi alikuwa amesimama pale, birika la chai mkononi, anatabasamu kama mtu anayepigwa picha.

Bibi alikuwa amehesabu kila atakayebisha hodi; wa humu ndani, asiyebisha hodi, alimsahau.

Afanyeje? Kumwinua mgeni aliyekwisha kukaa ni kumwaibisha mbele za watu. Kunyamaza nako, mtoto ataolewa akikumbuka mama aliyemlea alivyosimama kama mtumishi.

"Kitendawili!" akasema.

"Tega!"

"Nimewabeba wote sebuleni, mwenyewe sina pa kukaa."

"Sakafu!" akasema mama wa bwana harusi.

"Zulia!"

"Miguu yangu!" akasema Redio. "Nayo inauma."

"Mmeshindwa. Nipeni mji."

"Haya, Bibi, chukua mji wowote unaoupenda."

"Mji siutaki. Nipeni kiti kimoja." Bibi akasimama. "Kila mmoja wenu amekalia mto. Aliyeishona mito hiyo amesimama pale na birika. Kosa si lenu, wala si lake. Ni langu mimi na maharagwe yangu."

Mama mzazi akainuka taratibu, akauchukua mkoba wake.

"Mimi kiti hiki nilipokikalia tu, niliona si changu," alisema. "Ila niliona haya kuuliza."

"Kaa, dada," Fundi akamwambia. "Mgeni haondolewi."

"Haondolewi, anasogea," akasema Bibi. Akakibeba kiti chake mwenyewe, mto ukiwa juu, akakiweka kulia kwa bi harusi. Mama mzazi akasogea nafasi moja, aliye pembeni yake akasogea, na aliyefuata vilevile, hadi Redio wa mwisho akajikuta bega kwa bega na meza ya keki. Hakulalamika tena.

Binti akaupokea mkono wa Fundi, akaushika mpaka alipokaa. Kisha akavuta utepe.

"Bibi, na wewe je?" akauliza.

"Usinihangaikie."

Bibi akaingia chumba cha pili, akarudi na kigoda cha cherehani, akakaa. Kilikuwa ubao mtupu, mgumu, umechakaa katikati. Miaka yote hii Fundi alishona akiwa amekikalia! Mto hakikuwa nao.

Hakusogea hapo mpaka zawadi ya mwisho ilipofunguliwa.