Glavu za Bwana Shamba

Bwana Andati alikuwa na kila kitu ambacho bwana shamba wa kiwanda anatakiwa kuwa nacho: baiskeli nyeusi ya Raleigh, mkoba wa ngozi, kalamu mbili mfukoni na sauti ya kukemea. Kilichomshinda ni vidole. Miaka ile ya sabini, watu walipong'oa migomba na mihogo ili wapande miwa mpaka mlangoni, yeye ndiye aliyepita shamba kwa shamba huko Kabras akiandika vibali vya kukata. Bila kibali chake hakuna mkataji aliyeinua panga, wala trekta iliyokuja na trela. Na kibali kiliandikwa kwa mkono. Basi nchi nzima ikawa inauguza mkono wa mtu mmoja.

Maana alisema unaganda. Ukungu unaoshuka kutoka msitu wa Buyangu, alisema, humwingia mifupani mtu anayeshika usukani wa chuma asubuhi. Wakata miwa walikuwa wameamka kabla yake, miguu mitupu kwenye umande, kila mmoja na shati lake la mikono mifupi, na hakuna aliyewahi kumsikia mmoja wao akizungumzia mifupa yake. Lakini wao hawakusoma chuo cha kilimo. Nadhani huko ndiko mtu anakofundishwa kuhisi baridi.

Alijaribu kila dawa. Alivaa soksi mikononi, akashindwa kupiga kengele, na mbuzi wa watu wakamwingiza vichakani. Akina mama wa kanisa wakamfumia glavu ambazo kidole gumba kilikaa upande wa kidole cha mwisho. Mtu mmoja akamshauri ashike kiazi cha moto katika kila kiganja. Akashika. Kwenye mteremko wa daraja akataka kufunga breki, viazi vikakataa, na Bwana Andati akaenda mtaroni pamoja na baiskeli yake. Waliomtoa wanaapa kwamba hakuviachia vile viazi. Alivila palepale, amekaa majini.

Dawa iliyomfaa ilikuwa jiko la Wanyonyi. Boma la Wanyonyi ndilo la kwanza ukishuka kutoka barabara kuu. Andati alifika saa moja asubuhi, akakuta moto umekolea, kikombe cha chai cha kushika kwa mikono miwili, na siku njema ingokho, yaani kuku mzima, na obusuma, ugali wa kusukumia. Kufikia saa nne vidole vilikuwa vimefufuka, ila sasa tumbo ndilo lililolemewa. Saa sita aligeuza baiskeli akarudi ofisini kueleza jinsi kazi ilivyo ngumu. Mashamba yaliyofuata yalingoja kesho, na kesho nayo ilikuja na baridi yake.

Shamba lililofuata lilikuwa la Pascalia Khalayi, mjane wa Cornelius, na Cornelius alikuwa ndugu mdogo wa Wanyonyi. Miwa ya Pascalia ilikuwa na miezi ishirini na minane, wakati ya watu wengine ilikatwa kabla ya kufika ishirini na nne. Ilikuwa imetoa maua, majani yamekauka, mingine imeanza kulala chini. Na Pascalia alijua ni nani aliyeomba ikauke. Siku ya kugawa vitu vya marehemu, Wanyonyi alisimama mbele ya wazee akasema atamwachia shemeji yake shamba ajaribu. Akivuna, ni lake. Akishindwa, lirudi kwa ndugu, maana mwanamke na miwa, wapi na wapi. Wazee wakaitikia. Tangu siku hiyo chai ya Bwana Andati ilizidishwa maziwa.

"Wanyonyi anampashia yule mtu mikono ili mimi nipoteze shamba," Pascalia alimwambia jirani yake, Awinja, walipokutana kisimani.

"Na wewe mpashie."

"Nitampashiaje? Kwangu hafikangi."

"Basi mpelekee joto huko huko njiani," Awinja akasema, akajitwika mtungi wake akaenda zake.

Pascalia alirudi nyumbani na neno hilo. Hakuwa na pesa za kununua uzi wa sufu. Alichokuwa nacho ni sweta ya kijani ya Cornelius, ambayo ndugu walimwachia kwa sababu ilikuwa imetoboka viwiko. Siku ya kwanza aliishika tu, akairudisha sandukuni. Siku ya pili akaanza kuifumua. Ilimuuma sana. Uzi ulitoka mwepesi, mkono wa kulia ukaisha, wa kushoto ukaisha, kifua kikaisha, naye akawa analia huku akiviringisha. Alilia akafuma, akafuma akalia, na mwisho wa juma glavu zilikuwa tayari, nzito, kila gumba mahali pake. Alijiambia kwamba Cornelius angecheka tu na kumhimiza afanye haraka.

Jumatatu asubuhi alimngoja Andati kando ya barabara, juu kidogo ya boma la Wanyonyi. Bwana shamba akazivaa, akakunja vidole, akavikunjua, akashika usukani, akauachilia, akaushika tena.

"Mama, hizi sasa ndizo glavu," alisema. "Alhamisi naanzia kwako. Wanyonyi atangoja."

Akapita lango la Wanyonyi akipiga kengele bila hata kusimama. Pascalia alitembea nyumbani roho kwatu. Siku mbili zile alifagia uwanja, akatafuta wakataji, akawaambia wanoe mapanga.

Lakini kulikuwa na jambo alilolisahau, au alilojifanya amelisahau, maana shida humfanya mtu ajitie hamnazo. Nguo ya marehemu, kwa watu wa huko, haiendi kwa mgeni. Ndugu ndio wanaogawana. Mwanamume akionekana amevaa nguo ya marehemu, hesabu yake ni moja: amekubali kuishika nyumba ya marehemu, na mke aliyemo ndani yake. Wanyonyi aliitambua ile rangi ya kijani alipoona mikono ikipita langoni kwake. Alingoja soko la Jumatano pale Malava, akamtafuta Andati katikati ya watu, akaushika ule mkono uliovikwa na kuutikisa kwa furaha.

"Karibu katika ukoo, ndugu yangu," alisema. "Sweta ya Cornelius imekukaa vizuri. Sasa ng'ombe utaleta lini? Na yule mke wako wa kwanza, umeshamwambia, au twende sisi tumwambie?"

Wanyonyi hajui kunong'ona. Wauza samaki walisikia, wauza sabuni walisikia. Andati alizivua glavu kama zina siafu, akazitupa chini, akanyakua soda ya mtu mwingine akanawia mikono. Mtu mzima, mwenye cheti cha serikali, aliyezoea kuwafundisha wakulima mambo ya mbolea, alisimama pale akiwaapia wauza samaki kwamba hajaoa mtu.

Alhamisi hakuja. Wala Ijumaa. Alianza kupita njia ya mbali, ya upande wa Butali, ili asilione hata paa la Pascalia. Glavu aliziokota Awinja zikiwa zimekanyagwa na nusu ya soko, akazileta ndani ya kikapu. Pascalia alizikung'uta vumbi, akaziweka sandukuni. Alisikia aibu, na chini ya aibu alisikia hasira. Alikuwa ameifumua sweta ya mumewe kwa ajili ya vidole vya mjinga.

Jumamosi Wanyonyi alikuja mwenyewe, mikono nyuma, akaizunguka miwa akiitazama.

"Pole, shemeji," alisema. "Naona imelala. Jumanne nitaleta wazee waione."

"Walete," Pascalia akajibu.

Kuna jambo kila mkulima wa miwa alilijua, ila hakuna aliyelisema kwa sauti. Miwa ikiungua, haingoji zamu. Ndani ya siku tatu maji yake huchacha, kwa hiyo kiwanda hupeleka wakataji na trekta mara moja, na wengine wote wanawekwa kando. Lakini hata hiyo iliyoungua inataka kibali. Bwana shamba asipoandika ndani ya siku tatu, mwenye shamba anabaki na fimbo nyeusi zinazonuka kama pombe. Pascalia alilipima jambo hilo usiku mmoja tu. Jumapili baada ya kanisa alichukua jembe na panga, akafyeka njia pana kuzunguka shamba lote. Waliomuuliza aliwaambia anasafisha kwa ajili ya wazee.

Jumatatu alfajiri ukungu ulikuwa mzito, upepo haupo. Alitoa kaa jikoni kwa kigae, akaliweka chini ya majani makavu, upande wa barabara kuu, mahali ambapo mtu wa baiskeli hawezi kukosa kuona. Miwa ikashika. Aliposikia inapasukapasuka mpaka ndani, akapiga mayowe ya kuita majirani, na akayapiga vizuri.

Watu wakaja mbio na matawi mabichi, mbele yao liguru Makhanu, mzee wa kijiji. Hakukuwa na kazi. Moto ulifika kwenye ile njia, ukasimama. Makhanu aliitazama ile njia jinsi ilivyofyekwa upya, akamtazama Pascalia, akainua tawi lake akajipepea nalo. Na kwa kuwa asubuhi ilikuwa ya baridi kweli, mmoja akanyoosha mikono kwenye moto, na wa pili, mpaka wakawa watu arobaini wanaota moto wa mjane.

Hapo ndipo Bwana Andati alipotokea barabarani, moshi umemtoa njia ya Butali. Moto wa miwa hangeweza kuupita, la sivyo angemwaga unga. Na tuseme ukweli, tangu Jumatano alikuwa akiendesha mikono mitupu. Aliegemeza baiskeli, akasogea, akanyoosha mikono. Akapasha viganja, akageuza, akapasha migongo ya mikono. Akafumba macho.

"Afadhali," alisema.

Pascalia alimwacha ashibe. Kisha akaufungua ule mkoba kwenye baiskeli, akamletea.

"Bwana shamba, miwa imeungua. Andika."

"Kwanza lazima tuchunguze moto umeanzaje."

"Utachunguza. Lakini andika leo, kwa sababu Ijumaa utakuwa unachunguza majivu."

Andati akavitazama vidole vyake, kama alivyozoea, akitafuta msaada. Vilikuwa laini, vinatoka jasho.

"Vimepata moto," akasema liguru. "Sote tumeona."

Wanyonyi alikuja anahema, shati halijafungwa. "Usiandike," alisema. "Shamba hilo lina maneno. Wazee wanakuja kesho."

"Ulisema akishindwa kuvuna," liguru akamjibu. "Bado hajashindwa."

Andati akaweka kitabu gotini. Akaandika tarehe. Penye jina la mwenye shamba akaanza kuandika Cornelius.

"Hapana," Pascalia akasema. "Andika langu."

"Kitabu cha kiwanda kina jina la marehemu."

"Basi mwite aje atie sahihi."

Mtu mmoja nyuma akacheka, akafuatwa na wengine. Andati aliutazama moto, akamtazama liguru, akaichana ile karatasi na kuanza nyingine. Aliandika polepole, herufi moja moja, kalamu haikuteleza hata kidogo. Liguru akatia sahihi ya shahidi.

Wanyonyi, ambaye hakuwahi kujifunza kusoma, alinyoosha shingo juu ya bega la bwana shamba.

"Umeandika nini hapo?" akauliza.

"Mwenye shamba," Andati akasoma kwa sauti ndogo. "Pascalia Khalayi."

Liguru akamwomba arudie kwa nguvu, kwa sababu waliosimama nyuma hawakusikia. Akarudia.