Picha Isiyosogezwa

Ng'ombe wa Nailantei alikuwa amelala chini tangu alfajiri, na Githongo alifurahi kama mtu aliyeletewa zawadi.

"Usimguse, Kokoo," alinong'ona nyuma ya kamera, akimwita bibi kwa Kimaasai. "Picha hii haisogezwi mpaka jua litue. Mimi natazama tu. Kutazama ndiyo kazi yangu."

Nailantei alimwangalia kijana huyo wa filamu, aliyejifunga skafu shingoni katika joto la Kitengela. Hakumchukia. Alikuja na sukari na unga, tena akainamisha kichwa kwa salamu, aguswe utosini kama mtoto aliyelelewa vizuri. Lakini kazi ya kutazama! Hata kunguru pale kwenye ua alikuwa nayo, na hakuhitaji mashine ya miguu mitatu.

"Mwanangu, ng'ombe aliyekondeshwa na kiangazi huinuliwa asubuhi. Jua kali likimkuta chini, hainuki tena. Na huyu ana ndama tumboni. Vijana wangu wamehamisha ng'ombe wengine, wako upande wa Namanga. Mimi na Purity hatutoshi. Njoo ushike mkia."

"Nikiingia nitauvuruga ukweli."

Purity, mke wa mwanawe, aliangua kicheko, akamgeukia mama mkwe wake. "Yeyo, mwache. Ng'ombe akifa, atamzika kwa macho."

Githongo alipumua polepole, kama mtu anayevumilia wajinga. Jana aliwaeleza kwamba filamu zake hazina maneno wala kisa. Aliwahi kurekodi lango la soko la mifugo kule Kajiado kutwa nzima, na watu waliokwenda kuitazama walilia. Nailantei aliamini. Hata yeye angelia, kama angefungiwa ndani kutwa nzima atazame lango.

Celine, msichana aliyekuwa akinasa sauti, aliweka kipaza sauti chake juu ya jiwe.

"Celine! Uko ndani ya picha!"

"Najua." Akakunja suruali. "Kokoo, nishike wapi?"

Nailantei alimpa mkia. Purity akaingiza bega ubavuni, na Nailantei mwenyewe akakamata pembe. Wakainua. Ng'ombe aliguna, akayumba, akaanguka tena, na kinyesi kikamrukia Celine kifuani.

"Usimwachilie, mwanangu."

"Simwachilii, Kokoo. Twende tena!"

Safari hii miguu ya nyuma ilinyooka, halafu ya mbele. Ng'ombe akasimama, akitetemeka mwili mzima, uzito wake wote juu ya Celine, na yule msichana akampapasa mgongo akimnong'oneza maneno ambayo Nailantei hakuyasikia.

"Mmeniharibia," alisema Githongo. "Sasa... mnaweza kumlaza tena? Kidogo tu?"

Purity alimkodolea macho. "Na ukweli je?"

Wale wanawake watatu walimtoa ng'ombe polepole kuelekea kwenye birika la kunyweshea mifugo, mmoja mbele, wawili ubavuni.

"Endelea tu kutazama, mwanangu," Nailantei alimwambia bila kugeuka. "Mahali alipolala tumekuachia."

Ng'ombe akainamisha kichwa, akaanza kunywa.