Sauti ya Kiboko

Kazini walimwita Kalamu, kwa kuwa ndiye aliyeandika vichekesho vya Kiboko, mhusika mkuu wa katuni iliyorushwa na televisheni kila Jumamosi asubuhi. Kiboko alikuwa fundi asiyejua kutengeneza chochote. Kila alipoharibu kitu, alikigeukia na kukifokea: "Usinitazame hivyo! Sikukuvunja mimi!" Watoto walivunjika mbavu, na wazazi wao pia.

Maneno hayo Kalamu hakuyatunga. Yalikuwa ya mjomba wake, fundi bomba mstaafu, aliyesaidia kumlea tangu baba yake alipofariki. Mjomba mwenyewe hakuwahi kuambiwa, na katuni hakuwa akitazama.

Kisha mwigizaji aliyempa Kiboko sauti akafanyiwa upasuaji wa koo. Mwongozaji akajaribu watu, wote wakapwaya. Kalamu akapiga moyo konde, akasema, "Ninaye mtu."

Mjomba alikuja na shati lililonyooshwa kwa pasi mpaka kwenye vifungo. Wakamketisha nyuma ya kioo katika chumba cha kurekodia, wakamvisha hedifoni zilizombana masikio. Akausoma mstari. Hakuna aliyecheka. Akaurudia. Fundi mitambo akakuna kidevu.

"Mwanangu," Mjomba aliita kwenye maikrofoni, "hivi huyu anaongea na bomba?"

"Ndiyo, Mjomba."

"Mtu mzima na akili zake?"

"Soma tu kama unavyosema nyumbani."

"Kwani nyumbani nasemaje?"



Mwongozaji akamvuta Kalamu pembeni. "Mzee ana sauti nzuri. Ila kwa Kiboko, hapana. Hafanani naye kabisa."

"Lakini Kiboko ni yeye!"

"Basi anajiigiza vibaya."

Getini Mjomba akataka kujua amekosea wapi. Kalamu akamweleza yote: kwamba Kiboko ni yeye, na neno lile ni lake, miaka yote hii. Mjomba alimtazama kama mtu aliyekabidhiwa mzigo wa mwenzake.

"Langu? Hilo lilikuwa la marehemu baba yako. Alipotutoka ulinyamaza, hucheki wala huli vizuri. Nikaanza kulisema mimi, basi tu, uchangamke."

Jioni Kalamu alimpigia mama yake simu. Mama akaguna.

"Kaka yangu naye anazeeka. Neno hilo ni lako wewe! Ulidondosha redio, hata kusema hujui vizuri, ukaikaripia hivyo hivyo. Baba yako akalidaka, nyumba ikakosa amani."

Kalamu hakukumbuka redio yoyote. Mwigizaji mwingine wa Kiboko akapatikana, lakini tangu hapo kila sentensi aliyoiandika Kalamu ilimshinda. Aliisoma kwa sauti, akajiuliza inatoka kwa nani, akaifuta. Pale Kiboko alipovunja kiti, aliacha nafasi tupu ili aijaze baadaye. Siku ya kukabidhi ikafika, nafasi ingali tupu, naye akaona haya kuomba muda, akakabidhi hivyo hivyo.

Walipoonyeshwa kipindi chumbani kwa waandishi, Kiboko alivunja kiti, akakitazama. Kiti nacho kikaonekana kumtazama. Hakuna aliyesema neno. Chumba kizima kikaangua kicheko, mwandishi mmoja akateleza kutoka kitini.

"Umekomaa," mwongozaji alisema, akijifuta macho. "Kimya kile ulikifikiriaje?"

"Sikukifikiria. Nilikosa la kuandika."

Wakacheka upya. Wiki hiyo hiyo wakamfanya mkuu wa waandishi. Watu walimpa mkono koridoni, naye akatabasamu nusu, akitamani mmoja wao amweleze alichofanya.

Kipindi kiliporushwa alikwenda kukitazama kwa Mjomba, ambaye sasa hakosi hata Jumamosi moja. Mzee alicheka mpaka akashika ubavu. Kisha akatulia, akaelekeza kidole kwenye televisheni.

"Huyu Kiboko ananikumbusha mtu. Nani vile?"

Kalamu alingoja amalizie utani wake. Lakini Mjomba alikuwa amekunja uso, anamtafuta mtu huyo kwelikweli, na Kalamu hakujua amsaidie kwa jina lipi.