Yupo, Ametoka Kidogo

Mama Ramani hakulala vizuri tangu wakili wa walimu alipomwambia kesi nzima imebebwa na neno lake. Mwalimu huyu wa jiografia alikuwa mdai wa kwanza, na kazi yake ilikuwa kuapa kwamba walimu wote walifundisha muhula mzima bila mshahara. Mwenye shule naye alidai eti muhula huo walikaa majumbani mwao wakila raha. Raha gani, na mwenye nyumba anakugongea mlango?

Siku ya kesi, karani wa mahakama akaanza kuwaita wadai, mbio mbio, kama mtu aliyeacha chungu jikoni. Kila aliyeitwa alisimama akasema, "Nipo." Alipoitwa mwalimu wa hisabati, wanayemwita Desimali, benchi lilinyamaza. Mama Ramani akaangaza huku na huku. Kabla hajajua anafanya nini, mdomo ukamtangulia.

"Yupo! Ametoka kidogo."

Ndivyo walivyozoeana kwenye ofisi ya walimu. Mwalimu mkuu akiita na mwenzako hayupo, unamwitikia. Kesho atakuitikia wewe. Na Desimali alikuwa mume wa dada yake. Muhula ule wote alikuwa hospitalini akimuuguza mkewe, na Mama Ramani ndiye aliyeingia madarasani mwake kufundisha hesabu za sehemu ambazo hata yeye mwenyewe zilikuwa zikimpiga chenga.

"Ametoka kwenda wapi?" jaji akauliza.

"Msalani, mheshimiwa."

"Mbona yuko hapa?" akasema wakili wa mwenye shule.

Na kweli, Desimali alikuwa ameketi nyuma ya wakili huyo, kavaa koti jipya, macho kwenye viatu. Mama Ramani akadhani maskini amekosea benchi. Akasogea kumpisha, akamnong'oneza kwa nguvu, "Shemeji, huku!"

Shemeji hakuinua kichwa. Aliinuka tu alipoitwa kutoa ushahidi, akaapa kwamba muhula ule hakuna mwalimu aliyefundisha.

"Umejuaje?" wakili wa mwenye shule akamwuliza.

"Nilikuwa pale shuleni kila siku."

Kila siku? Si yeye Mama Ramani aliyekuwa akimpelekea uji kule wodini kwa mkewe kila jioni? Wamempa nini? Au ndiyo gharama za matibabu? Alimwonea huruma, akatamani kumzaba kofi, vyote kwa pamoja. Zamu yake ya kuapa ilipofika, yakamtoka bila mpangilio: "Hakuwepo huyu! Hata siku moja! Madarasa yake nimefundisha mimi!"

Wakili wa mwenye shule akamwuliza kwa upole wa daktari wa meno. "Mama, asubuhi umesema yupo, ametoka kwenda msalani. Sasa tushike lipi?"

"Mheshimiwa," akamgeukia jaji, "kwetu sisi, mwenzetu asipokuwepo huwa tunasema yupo."

Watu wakacheka. Naye akatabasamu, akidhani sasa ameeleweka.

"Na hawa wenzako wote," wakili akauliza, "unaoapa kwamba walikuwepo?"

Jaji alikuwa ameshaanza kuandika. Walikuwepo. Mama Ramani aliwaona kwa macho yake, siku baada ya siku, na chaki mikononi. Sasa hakujua amwambie jaji neno gani ili amwamini.