Sufuria ya Chini ya Meza

Chini ya meza ya mpishi palikuwa na sufuria ambayo watazamaji hawakuijua. Juu ya meza alimenya, akaosha, akabandika. Kisha, kufumba na kufumbua, akainama na kuibuka na chakula kilichoiva. Kipindi kilikuwa cha dakika kumi na mbili, tena mubashara.

Wiki iliyopita alifundisha kupika maganda ya mihogo, ili jikoni kisitupwe kitu. Habari ya kuyaloweka siku tatu na kumwaga maji ilikuwa kwenye ncha ya ulimi. Mwongozaji akazungusha kidole: harakisha. Akaimeza.

Mama mdogo, aliyemlea, alikuwa na mtindo wake wa kupika sambamba na runinga. Mpishi akikoroga, naye anakoroga; akifunika, naye anafunika. Kisha hupiga simu. "Leo umenikimbiza, mwanangu. Vitunguu vyangu hata rangi havijabadilika, wewe unapakua."

Safari hii alipiga binamu, kutoka wodini. Jumanne wakamzika mama mdogo.

"Usijilaumu, dada," binamu alimwambia makaburini, macho yakiwa chini. "Ila alipoona chako kimeiva, aliepua chake."

Alhamisi mpishi aliingia studio na ndoo yenye kifuniko.

"Pole na msiba," mwongozaji alisema. "Lakini ya maganda tuyaache. Ukiyasema, kesho hatuna kipindi."

"Na wanaoyapika leo?"

"Nani anakumbuka ya wiki iliyopita, mpishi?"

"Mama mdogo aliandika kila kitu. Alijaza daftari zima."

Taa nyekundu ikawaka. Mpishi aliinama, akaibuka na ndoo, akaiweka mbele ya kamera. Maji yakamwagika mezani.

"Wiki iliyopita niliwaficha kitu," alisema. "Haya maganda niliyaloweka jana, na bado yana sumu. Yangu yalilowa siku tatu kabla sijayapika. Kama umeyapika nilivyoonyesha, mwaga. Usimpe hata kuku."

Mwongozaji alizungusha kidole. Safari hii mpishi hakukitazama. Alirudia maneno yale yale, polepole, mpaka taa ikazimika.

Simu ya studio ikaita, na kwa kuwa ilikuwa karibu naye, akaipokea.

"Mwanangu," sauti ya mwanamke mzee ilisema, "umesema nimwage. Mimi wajukuu nimeshawapakulia. Mdogo amelala, namwamsha haamki."

Mpishi alishika ukingo wa meza.

"Mama, uko mtaa gani?" aliuliza, na kumnyooshea mwongozaji mkono, ampe kalamu.